Wasifu wa askofu aliyetoka ng'ambo: kisa cha kijitabu kimoja mjini Bukavu

Kisa hiki ni cha parokia moja ya Kianglikana mjini Bukavu, mashariki mwa Kongo, iliyotaka kuandika maisha ya askofu Mwingereza aliyefanya kazi miaka mingi katika sehemu zetu. Ninakiandika kwa ajili ya makanisa, shule na familia zinazofikiria kufanya kazi kama hiyo. Wazee wetu wanaondoka kila mwaka, na makabati ya parokia nyingi hayana mlinzi.

Majina ya wahusika yameondolewa. Nchi ambako askofu huyu aliongoza jimbo siitaji, na mambo madogo kadhaa nimeyageuza ili familia zisitambulikane. Maaskofu ninaowataja kwa majina katika usuli ni watu wa historia inayojulikana, na hakuna hata mmoja wao aliye askofu wa kisa hiki. Yeye nitamwita Askofu tu.

Usuli

Ili kuelewa kilichotokea, ni lazima kujua jinsi Kanisa Anglikana lilivyoingia Kongo. Halikuletwa na meli. Lilivuka kutoka Uganda kwa miguu ya walimu Waafrika. Apolo Kivebulaya, Muganda, alifika Mboga, kwenye ukingo wa msitu wa Ituri, mwaka 1896, akapigwa, akafungwa, akarudi tena. Alipofariki mwaka 1933 aliacha agizo kwamba azikwe kichwa kikielekea magharibi, upande wa msitu ambako Injili ilikuwa haijafika. Hakuwahi kuwa askofu.

Mpaka uhuru wa 1960, Waanglikana wa Kongo walikuwa zaidi katika eneo la Mboga. Baadaye walienea pamoja na watu waliohama: wafanyabiashara, wanafunzi, askari, wakimbizi, mafundi. Ndivyo Bukavu na Lubumbashi zilivyopata vikundi vya sala kabla ya kupata makasisi. Uongozi ulikuwa ng'ambo ya milima, katika majimbo ya Uganda, hadi 1972, lilipoanzishwa jimbo la Boga-Zaire (Boga ni Mboga ileile, na Zaire lilikuwa jina la Kongo wakati huo) chini ya Philip Ridsdale, Mwingereza. Mwaka 1976 Bukavu ilipata jimbo lake na askofu wake, Bezaleri Ndahura. Mwaka 1980 Burundi, Rwanda na Zaire zikawa provinsi moja, yaani majimbo yaliyounganishwa chini ya askofu mkuu mmoja, na Ndahura akawa askofu mkuu wa kwanza. Zaire ilipata provinsi yake yenyewe mwaka 1992.

Basi askofu yeyote aliyetoka Ulaya kuja huku aliwakuta walimu wamemtangulia. Jambo hilo ndilo lililosahaulika katika rasimu ya kwanza ya kijitabu.

Askofu alisomea Uingereza, akapewa ushemasi na ukasisi huko, akaja Afrika akiwa kijana. Kwa miaka kadhaa alifanya kazi upande wa Kivu, akifundisha walimu wa vijijini na kubatiza. Kisha akawekwa wakfu kuwa askofu wa jimbo katika nchi jirani. Alipostaafu alirudi kwao, akawa askofu msaidizi wa heshima katika jimbo moja la Uingereza mpaka kifo chake. Waanglikana wengi wa Bukavu walibatizwa naye wakiwa watoto, na wengine walipewa naye kipaimara ng'ambo ya mpaka. Parokia ilipomaliza kujenga ukumbi mpya, baraza likaamua uitwe kwa jina lake, na siku ya ufunguzi kitolewe kijitabu cha maisha yake.

Rasimu ya kwanza

Kamati ilikuwa na watu wanne: mzee aliyewahi kuwa prefe, yaani mkuu, wa shule ya sekondari, pasta wa parokia, kijana wa kiume anayejua kompyuta, na msichana anayesoma historia, ambaye ndiye aliyekuwa katibu. Mimi niliombwa kusoma na kushauri.

Walianza na kilichokuwa rahisi kupatikana: tanzia iliyochapishwa Uingereza, na mistari ya Crockford, orodha ya makasisi wa Kianglikana ambayo imekuwa ikichapishwa huko tangu 1858. Orodha hiyo humpa kila kasisi maelezo mafupi: chuo alichosoma, mwaka wa ushemasi, mwaka wa ukasisi, vituo alivyohudumu. Kamati ikavitafsiri na kuviunganisha. Kila kitu kilichoandikwa kilikuwa kweli. Lakini zaidi ya nusu ya kurasa zilihusu utoto, shule, vita na chuo cha theolojia, na miaka yake yote ya Afrika ikabanwa katika kurasa mbili zenye vitenzi vilevile: alianzisha, alijenga, alifungua, aliongoza. Hakuna Mkongomani hata mmoja aliyetajwa kwa jina.

Prefe alishauri rasimu isomwe kwa sauti mbele ya wazee baada ya ibada ya Jumapili. Ushauri huo uliokoa kazi yote. Wazee walisikiliza kwa heshima. Mwishoni mama mmoja, mjane wa mwalimu wa kanisa, akamwambia katibu: "Mwanangu, umesoma vizuri. Sasa niambie, huyu Askofu akifika kijijini alikuwa analala kwa nani? Alikula kwa nani? Na nani alikuwa anamsemea, maana Kiswahili chake cha mwanzo sisi tulikuwa hatukisikii?"

Katibu alikaa kimya, kisha akajibu, "Mama, hayo hayamo."

Uamuzi wa kusimamisha uchapaji

Kamati iligawanyika. Tarehe ya ufunguzi ilikuwa karibu, wageni kutoka Uingereza walikuwa wameahidi kuja, na marafiki wa huko walikuwa wamechangia fedha za uchapaji. Pasta aliona kuwa kuchelewa kungeonekana kama uzembe. Katibu alisema kwamba kitabu kikishachapwa hakirudi nyuma: watoto wa shule ya Jumapili watakisoma kama historia, na baada ya miaka ishirini hakutakuwa na mzee wa kukisahihisha.

Walichoamua ni hiki. Siku ya ufunguzi ilitolewa karatasi moja tu, yenye picha na tarehe zilizohakikishwa: kuzaliwa, ukasisi, uaskofu, kustaafu, kifo. Chini yake waliandika kwamba kijitabu kinaendelea kutayarishwa, na kwamba yeyote mwenye barua, picha au kumbukumbu aje kwa katibu. Waliochangia fedha waliandikiwa mapema na kuelezwa sababu. Karatasi hiyo ilileta watu wengi kuliko matangazo yote ya kanisani.

Kutafuta upya

Tatizo la kwanza lilikuwa tarehe. Wazee hawakumbuki kwa miaka, wanakumbuka kwa matukio, na Bukavu haikukosa matukio. Katibu alichora mstari mrefu kwenye karatasi ya manila akaweka alama: vita vya Mulele, 1964, mamluki wa Mbelgiji Schramme walioushika mji kuanzia Agosti hadi Novemba 1967, mwaka 1972, Mobutu alipokataza majina ya Kikristo, Noeli ya 1979, noti kubwa za zaire, fedha ya wakati huo, zilipofutwa na watu wakapoteza akiba zao. Kila mzee aliulizwa: Askofu alikuja kwenu kabla ya Schramme au baada? Noti zilipofutwa alikuwa bado huku? Majibu yalikubaliana kwa kiasi kilichonishangaza.

Tatizo la pili lilikuwa majina. Katika kitabu cha ubatizo cha miaka ya 1960 kuna mwalimu mwenye jina la Biblia. Katika kaye (daftari) ya kanisa ya 1974 yumo mwalimu wa kijiji hichohicho mwenye majina ya Kizaire matupu. Katika orodha ya miaka ya 1990 yumo wa tatu, mwenye majina yote kwa pamoja. Kamati ilikuwa tayari kuandika kwamba kijiji kile kilikuwa na walimu watatu waliofuatana. Ni kwa kulinganisha jina la baba, kijiji cha kuzaliwa na majina ya watoto ndipo walipogundua kuwa ni mtu mmoja, aliyekaa pale miaka yote hiyo huku makasisi wanne wa ng'ambo wakija na kuondoka. Kwa maoni yangu huu ndio ugunduzi mkubwa wa kisa kizima. Kazi ya maisha ya mtu mmoja ilikuwa imekatwa vipande vitatu na sheria ya majina, na hakuna aliyekuwa ameviunga.

La tatu lilihusu barua. Askofu wa Kianglikana hutia sahihi kwa kutanguliza alama ya msalaba, jina lake la kwanza, kisha jina la jimbo lake mahali pa jina la ukoo. Akistaafu hurudia jina la ukoo. Kijana wa kompyuta hakulijua hilo, akaziweka barua za miaka ya uaskofu katika jalada la mtu mwingine. Kosa lilipoonekana, likageuka kuwa msaada: barua zisizo na tarehe ziliweza kupangwa kwa sahihi tu, za ukasisi, za uaskofu, na za baada ya kustaafu.

Kitabu cha ubatizo chenyewe kilikuwapo kwa neema. Nyaraka nyingi za mji huu zilipotea katika vita vya 1996, na nyingine mwaka 2004 waasi walipoushika mji mwezi Juni. Hiki kilinusurika kwa sababu mke wa mwalimu mmoja alikifunga ndani ya mfuko wa nguo akakipeleka kwake kabla kanisa halijavunjwa milango. Alikirudisha vita vilipotulia, bila kumwambia mtu.

Na kuhusu swali la mama, "nani alimsemea?", jibu lilipatikana. Kwa miaka ya mwanzo mkalimani wake alikuwa mwalimu mmoja aliyefariki zamani. Wazee walikuwa wakirudia kwa kichwa mahubiri ya Askofu kuhusu mchungaji na kondoo aliyepotea, pamoja na maelezo ya ng'ombe aliyepotea milimani usiku wa mvua na watoto waliotumwa kumtafuta. Mjane wa mkalimani alipoulizwa alisema wazi: ng'ombe yule alikuwa wa baba mkwe wake. Mumewe ndiye aliyemtia ndani ya mahubiri, kwa kuwa aliona watu hawafahamu kondoo wa Mzungu. Askofu alijua, na alikuwa anamngoja amalize. Kamati iliyachapa mahubiri hayo kwa majina ya wote wawili. Ningependa kuona parokia nyingine zikifanya hivyo.

Nani alianzisha lile kanisa

Tanzia ilisema kwamba Askofu, alipokuwa bado kasisi, alianzisha kanisa katika kijiji fulani cha milimani. Kitabu cha ubatizo kilionyesha darasa la wabatizwa katika kijiji hicho kabla hajafika Afrika. Mwalimu wake alikuwa mhamiaji, fundi wa mbao, aliyekusanya watu nyumbani kwake jioni.

Baadhi ya wanakamati walihofu kwamba kuandika hivyo ni kumvunjia heshima marehemu. Walikwenda kumuuliza prefe, naye akasema jambo la busara: barua za Askofu mwenyewe ziangaliwe kwanza. Katika mojawapo Askofu aliandika kwamba alikuta watu wanaojua Sala ya Bwana na nyimbo kadhaa, na kazi yake ilikuwa kuwabatiza na kuwasaidia kupata mabati. Kumbe hakuwahi kudai. Waliodai ni waandishi wa tanzia waliokuwa mbali. Kijitabu kikaandika kila mtu na kazi yake: fundi alikusanya na kufundisha, Askofu alibatiza na kutafuta mabati, kina mama walibeba mawe na maji.

Barua

Binti wa Askofu, mama mzee anayeishi Uingereza, alikuwa na masanduku ya barua. Alikubali kutuma nakala kwa sharti moja: lolote linalomgusa mtu aliye hai, au watoto wake, lisomwe na wahusika kabla ya kuchapwa. Sharti hilo alikubaliana na pasta kwa simu. Halikuandikwa popote.

Barua moja ilimlaumu vikali pasta Mkongomani, sasa marehemu, kwamba alitumia vibaya fedha za mishahara ya walimu. Watoto wake wanaishi Bukavu, na mmoja ni mtu wa kuheshimiwa parokiani.

Njia zilikuwa tatu: kuichapa barua, kuificha kabisa, au kuwaendea wenyewe. Pasta wa parokia na yule mama mjane walikwenda nyumbani kwa familia jioni, wakapokelewa vizuri, wakaisoma barua mbele ya mwana mkubwa. Alinyamaza, akaingia ndani, akarudi na kaye ya matumizi ya baba yake. Sehemu ya kaye hiyo inaonyesha kwamba fedha zile zilitumika kulisha wakimbizi waliokuwa wakilala kanisani. Sehemu nyingine haina maelezo. Kaye haimsafishi baba yake kikamilifu, na barua haithibitishi kosa.

Kamati iliandika sentensi moja tu, bila jina: kwamba palikuwa na kutoelewana kuhusu fedha kati ya Askofu na msaidizi wake, kwamba Askofu aliamini zimetumika vibaya, na kwamba hesabu za msaidizi zinaonyesha baadhi yake zilikwenda kwa wakimbizi. Mwana aliomba sentensi hiyo iondolewe. Baada ya mjadala mrefu haikuondolewa.

Matokeo

Kijitabu kilichapwa Bukavu, kwa Kiswahili, muda mrefu baada ya ufunguzi. Ukumbi ulibaki na jina la Askofu, na ndani yake baraza liliweka ubao wenye majina ya walimu, wake zao wakiandikwa pamoja nao. Mwana wa yule pasta hakuja siku ya uzinduzi. Binti wa Askofu alifurahi kuhusu mahubiri ya watu wawili, lakini alilalamika kwamba picha moja ya familia yake ilitumiwa bila ruhusa, na alikuwa na haki. Aliomba tafsiri ya Kiingereza, ambayo bado haijapata fedha.

Uchambuzi

Lililofaulu zaidi ni kusoma rasimu kwa sauti. Wazee wengi hawangekaa kusoma kurasa zilizochapwa, lakini walisikia pengo mara moja. Maswali ya mama yule, alilala kwa nani, alikula kwa nani, nani alimsemea, yanafaa kwa wasifu wa mmisionari yeyote, maana yanamrudisha mtu katikati ya watu. Tanzia na orodha za Uingereza zina thamani yake: bila Crockford kamati isingepata mwaka wa ukasisi. Wanaofuatilia wamisionari wa Church Missionary Society, chama kilichoanza 1799, wajue pia kwamba nyaraka zake nyingi zimehifadhiwa katika Chuo Kikuu cha Birmingham. Ila nyaraka hizo ziliandikwa kwa wasomaji wa kule, waliotaka kujua ndugu yao amefanya nini. Jirani zake wa huku nyaraka hizo hazikuwatafuta.

Karatasi moja ya siku ya ufunguzi ilikuwa uamuzi mzuri kuliko ulivyoonekana wakati ule. Iliheshimu tarehe, wageni na wachangiaji, bila kuuza ukweli.

Mengine hayakwenda vizuri. Kamati ilianza bila mwanamke mzee hata mmoja, na mama mjane aliingizwa baada ya kuuliza maswali yake, wakati wajane wawili wa walimu walikuwa wamekwisha kufariki. Mazungumzo ya kwanza yalirekodiwa kwa simu ya kijana mmoja, simu ikaibiwa Kadutu, mtaa wa Bukavu, na hapakuwa na nakala. Makubaliano ya simu na binti wa Askofu yalisababisha ugomvi wa picha. Ukurasa mmoja wenye sahihi mbili ungetosha. Na miaka ya uaskofu wenyewe ndiyo sehemu dhaifu kuliko zote katika kijitabu, kwa sababu hakuna aliyevuka mpaka kuona vitabu vya kipaimara vya jimbo lile. Katika kanisa letu askofu peke yake ndiye anayetoa kipaimara, hivyo vitabu hivyo vingeonyesha alikuwa wapi, lini, na mbele ya watu wangapi. Kuandika wasifu wa askofu bila kuvifungua ni kasoro kubwa, na toleo la pili lisitoke kabla ya kuirekebisha.

Kuhusu ile sentensi ya fedha, nasimama na kamati. Kuificha kabisa kungemwacha binti wa Askofu na barua inayomhukumu marehemu, na kungeinyima kaye ya wakimbizi mahali pake katika historia. Lakini familia ilipaswa kuendewa kabla ya rasimu kuandikwa, na si baada yake. Mtu anayeletewa maneno yaliyokwisha kupangwa juu ya baba yake huhisi ameitwa kusikia hukumu.

Kaye hiyo bado iko kwa mwana. Ameruhusu isomwe nyumbani kwake, hataki itoke. Katibu ameomba kuipiga picha, naye amesema atajibu baada ya kuzungumza na dada zake. Kitabu cha ubatizo kimekwisha kupigwa picha ukurasa kwa ukurasa, nakala moja iko parokiani na nyingine jimboni. Vijiji vitatu vya milimani vilivyotajwa katika barua havijafikiwa kwa sababu ya usalama wa barabara, na walimu wao hawajaingia kwenye ubao.